Aserola na moto unaosingiziwa

Mwenye mti wa aserola uani hana shida ya kupata matunda. Shida yake ni muda. Tangu ua lichanue hadi tunda liive hupita wiki tatu au nne tu, na likishaiva halina subira. Likiachwa mtini linadondoka. Likichumwa na kuachwa juu ya meza ya jikoni katika joto la nchi za tropiki, siku ya pili limelegea na ya tatu limeanza kunukia kama pombe. Mti uliokomaa na kutunzwa vizuri unaweza kutoa kilo 15 hadi 30 kwa mwaka, na huzitoa kwa mikupuo, kwa hiyo nyumba iliyozoea kula bakuli moja hujikuta ina ndoo nzima. Hapo ndipo ushauri unapomiminika kutoka kila upande: yaweke kwenye friji, yagandishe mazima, yakaushe juani, na lolote ufanyalo usiyapashe moto, maana vitamini itakufa. Sehemu kubwa ya mawaidha haya hurudiwa bila kupimwa, na hilo la mwisho linapingana na yale ambayo yamekwisha kupimwa. Ninachotetea hapa ni kwamba, kwa mtu mwenye mti mmoja au miwili, njia bora ya kuhifadhi aserola hupitia jikoni, motoni, kabla ya kufika kwenye friza, na kwamba anayeliogopa joto mara nyingi hupoteza zaidi ya anayelitumia kwa kiasi.

Hofu hiyo ya moto ina historia yake. Aserola ni mti wa visiwa vya Karibi, Amerika ya Kati na kaskazini mwa Amerika Kusini, na wenyeji wa Puerto Rico walikuwa wakila matunda yake kila waliposhikwa na mafua, miaka mingi kabla ya maabara yoyote kuyatazama. Katikati ya miaka ya 1940, watafiti wa Skuli ya Tiba ya Chuo Kikuu cha Puerto Rico walikuwa wakipima vyakula mbalimbali, na aserola ikaingia kwenye vipimo hivyo. Mwaka 1946 Conrado Asenjo na mwenzake wakatangaza kwamba tunda hilo dogo lina vitamini C kwa wingi ambao haukutarajiwa. Mashamba yakachipuka. Kufikia mwaka 1954 kisiwa hicho kilikuwa na miti ipatayo 30,000 ya biashara, na watu wakaamini kwamba dunia nzima ingepata vitamini yake kutoka humo. Haikuwa. Vitamini C ya kiwandani ilikuwa rahisi mno, na mwili hauitofautishi na ile ya tundani. Shamrashamra zikapoa, lakini zikaacha mazoea ya kulizungumzia tunda kana kwamba ni kidonge, na kila njia ya kulihifadhi kupimwa kwa swali moja tu: imebaki miligramu ngapi?

Swali hilo si baya, ila kwa aserola linaulizwa mahali pasipo na upungufu. Gramu 100 za nyama ya aserola huwa na miligramu 1,000 hadi 2,000 za vitamini C, na wakati mwingine zaidi. Takwimu za Wizara ya Kilimo ya Marekani zinataja takribani 1,680. Chungwa lina kama 53 kwa uzito huohuo, na pera, ambalo kwetu ndilo linalosifiwa, lina kama 230. Shirika la Afya Duniani linapendekeza miligramu 45 kwa siku kwa mtu mzima, kiasi ambacho aserola moja yenye gramu tano hukitimiza peke yake. Upande wa pili, mamlaka za lishe za Marekani zimeweka kikomo cha miligramu 2,000 kwa siku, kwa kuwa zaidi ya hapo tumbo huharisha, na aliye na historia ya mawe kwenye figo anajitafutia matatizo. Glasi moja kubwa ya juisi ya aserola isiyotiwa maji inaweza kukiruka kikomo hicho kwa mbali. Kwa hiyo anayelia kwamba jemu yake imepoteza nusu ya vitamini analilia kitu kilichojaa pomoni. Vilivyo adimu ni vingine: ladha, rangi, harufu, na tunda lisilooza kabla halijaliwa.

Tuanze basi na kinacholiua. Wengi hupotoshwa na jina, kwa sababu Waingereza huliita cheri ya Barbados au cheri ya Karibi, na mtu akitafuta maelekezo ya kuhifadhi cheri hupata yale ya cheri za Ulaya. Hizo huvumilia wiki mbili na zaidi zikiwekwa karibu na sifuri. Aserola si ndugu yao. Ni tunda linaloendelea kuiva baada ya kuchumwa, linapumua kwa kasi ambayo matunda machache huifikia, na ngozi yake ni nyembamba kiasi kwamba kidole kikibonyeza kwa nguvu huacha alama, na alama hiyo baada ya saa chache huwa kidonda. Vipimo vya Puerto Rico vilionyesha kwamba aserola zilizoiva kabisa hukaa vizuri kwa siku tatu tu kwenye nyuzi 7 za Selsiasi, na zilizoiva nusu huongeza siku chache. Kuzifunika kwa nailoni nyembamba, kwenye nyuzi 8 hivi, kunasaidia kuzuia kusinyaa. Friji basi ni mahali pa kuyasubirishia matunda mpaka mtu apate nafasi ya kuyashughulikia, na anayeigeuza ghala atakuja kulifungua bakuli Jumamosi akute majimaji ya kahawia chini yake.

Kama muda ndio adui, uhifadhi huanzia mtini. Achumaye asubuhi kabla jua halijakolea hupata matunda yenye joto dogo, na joto dogo ni upumuaji mdogo. Atumie sinia au kikapu kipana, tabaka moja au mawili, maana ndoo iliyojazwa hadi juu huyasaga ya chini kwa uzito wa ya juu. Asiyaoshe yale anayoyaweka friji. Maji yaliyobaki kwenye mikunjo ya tunda, lenye migongo mitatu na kokwa tatu ndani, ni makaribisho ya ukungu. Yaliyochubuka yatengwe palepale, yaliwe au yapikwe siku hiyo. Na yale yenye kitone kidogo cheusi yapasuliwe yatazamwe, kwa sababu nzi wa matunda hulipenda tunda hili, na miongoni mwa nzi wanaolishambulia kule Brazil yumo yule wa Mediterania, ambaye asili yake ni bara letu la Afrika. Katika msimu wa kilele ni lazima kuuzungukia mti kila baada ya siku mbili. Mtu asiyeweza kufanya hivyo awaite watoto wa jirani. Watoto hawahitaji kubembelezwa.

Kuna wanaosema suluhisho ni kuchuma mabichi. Wanayo hoja, kwani tunda bichi ni gumu, linasafiri, na lina vitamini nyingi zaidi. Katika uchunguzi wa Brazil uliochapishwa mwaka 2000, aserola za kijani zilikuwa na miligramu zipatazo 2,160 kwa gramu 100, ilhali zilizoiva zilikuwa na 1,070 hivi, yaani nusu. Ndiyo sababu viwanda vinavyotengeneza unga wa vitamini hununua mabichi. Lakini kiwanda kinanunua kemikali, nyumba inataka chakula. Aserola ya kijani ni chachu ya kukunja uso, na hata ikigeuka rangi ikiwa kikapuni, utamu wake haufikii wa ile iliyoivia mtini. Kwa nini mtu apande mti uani, aumwagilie, aungoje, halafu ale tunda baya ili aongeze kitu ambacho tayari anacho mara ishirini ya mahitaji yake? Wakati wa kuchuma kwa ajili ya nyumbani ni pale tunda linapokuwa jekundu lote lakini bado gumu kidogo mkononi. Machache yenye manjano yakichanganyika si vibaya, hasa kwa jemu, kwa sababu matunda yasiyoiva sana huifanya igande vizuri.

Sasa tuje kwenye moto wenyewe. Mwaka 2003 watafiti wa Brazil walichapisha matokeo ya kulinganisha bidhaa za aserola zilizohifadhiwa kwa miezi minne. Aserola zilizogandishwa nzima, bila kupashwa moto, zilipoteza karibu asilimia 20 ya vitamini C kwenye nyuzi 18 chini ya sifuri, na zaidi ya asilimia 40 kwenye nyuzi 12 chini ya sifuri. Rojo lililopashwa moto kwanza, kisha likagandishwa, lilipoteza asilimia chache tu, kwenye nyuzijoto zote mbili. Anayeogopa moto anapaswa kuyasoma matokeo haya mara mbili. Tunda lisiloguswa na moto ndilo lililopoteza zaidi, na lililopita motoni ndilo lililosalimika.

Sababu yake inaeleweka. Vitamini C huharibiwa na oksijeni, nayo oksijeni husaidiwa kazi na vimeng'enya vya tunda lenyewe. Tunda linapogandishwa, maji yake hugeuka chembe za barafu zenye ncha, na chembe hizo hutoboa kuta za seli. Vitu ambavyo maumbile yaliviweka vyumba mbalimbali vinakutana. Baridi ya friza hupunguza kasi ya vimeng'enya lakini haivikomeshi, na kwenye nyuzi 12 chini ya sifuri bado vinajikongoja. Joto kali la muda mfupi hupunguza nguvu zao kwa kiasi kikubwa, na rojo linapochemka hufukuza pia hewa iliyonaswa ndani yake. Ni kweli kwamba joto huharibu vitamini kiasi. Atakayeliacha sufuriani saa nzima huku akipiga soga atapata alichostahili. Lakini dakika mbili za moto ni hasara ya mara moja, na kimeng'enya kilichoachwa hai hutoza kila siku. Tena friza nyingi za nyumbani, hasa kile chumba kidogo kilicho juu ya friji, hufunguliwa mara kwa mara na hazifiki nyuzi 18 chini ya sifuri. Kwa friza za namna hiyo tofauti kati ya rojo lililopashwa na tunda zima ni kubwa kuliko kwenye friza ya maabara.

Kazi yenyewe ni ya nusu saa. Matunda yanaoshwa, vikonyo vinatolewa, yanatiwa kwenye sufuria ya chuma cha pua pamoja na maji kidogo ya kuzuia yasiungue, na kuwekwa kwenye moto wa wastani. Baada ya dakika chache yanapasuka yenyewe na kutoa maji yake. Yakianza kutokota yanaachwa dakika moja au mbili, kisha yanaepuliwa. Sufuria ya shaba isitumiwe kabisa, kwani shaba huchochea uharibifu wa vitamini hii, na ya alumini, iliyojaa majikoni mwetu, itafaa kwa kuchemsha tu. Rojo lenye asidi lisilazwe humo. Kisha yanasukumwa kwenye chujio kwa mwiko, kokwa na ngozi zinabaki juu. Wengi hupenda blenda, nayo inafaa, ila ikizungushwa muda mrefu huingiza hewa na kuvunja kokwa zikaleta ukakasi. Mibonyezo michache ya sekunde moja moja inatosha. Rojo lipozwe haraka, sufuria ikiwa ndani ya beseni la maji baridi, kisha lipimwe kwenye vifuko vidogo, lilazwe bapa ili ligande upesi, na hewa isukumwe nje kabla ya kufunga. Huko Brazil rojo la matunda huuzwa madukani katika vifuko vya gramu 100, na kipimo hicho ni cha busara hata nyumbani, kwa kuwa kinachoyeyushwa kikagandishwa tena hakina ladha.

Pingamizi la kwanza linahusu rangi. Aserola iliyopashwa moto huacha wekundu wake na kuelekea rangi ya chungwa au kahawia, na mpishi huona ushahidi kwamba ameua kila kitu. Ushahidi huo unadanganya. Wekundu wa aserola hutokana na rangi za jamii ya anthosianini, na katika tunda hili rangi hizo zina adui wa ndani, ambaye ni vitamini C yenyewe. Inapokuwa nyingi huharakisha kuvunjika kwa anthosianini, na ndiyo maana juisi ya aserola hufifia upesi kuliko juisi za matunda mengine mekundu yenye vitamini kidogo. Ajabu ya tunda hili ni kwamba kinacholifanya lisifiwe ndicho kinacholivua nguo zake. Kwa hiyo rangi si kipimo cha lishe wala cha usalama. Harufu ya chachu, povu na ukungu ndivyo vipimo.

Pingamizi la pili ni zito zaidi, nami nalikubali kwa sehemu. Moto hubadilisha ladha. Aserola mbichi ina harufu nyepesi, karibu na ya tofaa, ambayo haitoki salama sufuriani, na anayeipenda juisi kwa harufu hiyo ana haki ya kulalamika. Jibu langu ni kugawanya mavuno. Yatakayotumika ndani ya wiki tatu au nne yagandishwe mabichi, mazima au rojo, kwa kuwa kwa muda huo hasara ni ndogo na ladha ndiyo kwanza. Ya kukaa zaidi ya hapo yapite motoni. Kinachopoteza ladha na vitamini kwa pamoja ni ile desturi ya kutupa kilo tano nzima kwenye mfuko mmoja, kuusahau nyuma ya samaki, na kuukumbuka baada ya miezi sita.

Pingamizi la tatu ni la umeme, na Puerto Rico wenyewe wanalijua kuliko wengi. Kimbunga Maria kilipokipiga kisiwa hicho Septemba 20, 2017, umeme ulikatika kisiwa kizima na kuurejesha kila mahali kulichukua karibu mwaka. Friza zote za nyumbani ziligeuka makabati. Wasomaji wetu hawahitaji kimbunga ili waelewe. Kwa asiye na friza, au asiyeiamini, rojo au juisi itiwe ikiwa bado inatokota kwenye chupa za kioo zilizochemshwa, zijazwe hadi karibu na kifuniko, kisha chupa zichemshwe ndani ya maji. Aserola ina pH iliyo chini ya 4, na uchachu huo huwazuia bakteria wa botulizimu, kwa hiyo njia hii haihitaji mashine ya shinikizo. Gharama yake ni kwamba juisi na matunda ya makopo, yakiwekwa kwenye joto la kawaida la Puerto Rico, nyuzi 29, yalipoteza kati ya asilimia 53 na 80 ya vitamini kwa mwezi mmoja, wakati juisi iliyokaa kwenye friji ya nyumbani ilipoteza asilimia 20 kwa siku 18. Hasara inatisha, mpaka mtu apige hesabu: miligramu 1,000 zikipunguzwa kwa asilimia 80 zinabaki 200, ambazo bado ni karibu mara nne ya chungwa. Tahadhari moja tu. Vitamini C inapovunjika hutoa hewa ukaa, na makopo ya majaribio yalivimba kwa sababu hiyo, lakini nyumbani hakuna njia ya kujua kama uvimbe ni wa kemia au wa vijidudu. Kilichovimba kimwagwe.

Jemu nayo isidharauliwe kwa kuwa imechemka sana. Ni namna ya kula tunda hili miezi mitatu baadaye kwa mkate, na sukari yake ndiyo inayolinda. Kukausha, kwa upande mwingine, sikupendekezi. Aserola ni maji kwa zaidi ya asilimia 90, na humo ndani mna kokwa tatu. Ukiyatoa maji unabakiwa na ngozi ya kuganda kwenye meno, baada ya siku kadhaa za jua na hewa, vitu viwili ambavyo vitamini hii haivistahimili. Unga wa aserola unaouzwa hutengenezwa kwa mitambo ambayo hakuna aliye nayo uani.

Watu huhifadhi kana kwamba mti hautazaa tena. Mahindi huvunwa mara moja na lazima yafike msimu ujao. Aserola huchanua tena na tena baada ya mvua, na kusini mwa Florida huzaa kwa mikupuo tangu Aprili hadi Novemba, na kwenye mashamba ya umwagiliaji ya kaskazini mashariki mwa Brazil huvunwa karibu mwaka mzima. Hifadhi ya nyumbani ina kazi ya kuvusha wiki kadhaa, pengine miezi michache ya baridi au ya kiangazi, na kwa muda huo mtu hahitaji kifaa kipya chochote. Mwenye sufuria, chujio na friza ndogo anavyo vyote. Aandike tarehe kwenye kila kifuko, atumie cha zamani kwanza, na asivuke miezi minne. Kabla haijatimia, mahali pengi unapostawi mti huu, matunda mapya yatakuwa yameanza kudondoka.